Mkwe Dereva wa Watu wa Sinema

Tunduma,
2 Septemba 1973

Mama Mkwe,

Shikamoo. Natumaini barua hii inakukuta una nguvu zako, na mpunga wote umeshaingia ghalani. Sisi tu wazima, ila mimi nina kikohozi cha vumbi, nacho nimeshakizoea.

Elina ameniomba nikueleze kazi yangu mpya, maana huko mmesikia nimekuwa mcheza sinema. Sivyo. Mimi ni dereva tu wa watu wa sinema waliotoka Dar es Salaam, wanaopiga picha za reli inavyojengwa mpaka hapa mpakani. Land Rover ni ya serikali. Napunguza upepo wa magurudumu ili kamera isitikisike, Bwana Zahoro mpiga picha anafungwa kwa kamba juu ya paa, halafu nakwenda mwendo wa kinyonga. Tukimaliza, mkubwa wao, Bwana Ishaka, anasema, "Rudi tena." Jana tumevuka daraja moja mara tano.

Jambo kubwa ni hili: Elina ana mimba ya miezi saba. Kwa kuwa ni uzazi wa kwanza, atakuja kujifungulia kwako kama ilivyo desturi. Najua mimi na wewe haturuhusiwi kuonana wala kusemezana, lakini sijasikia mzee aliyekataza barua. Tafadhali nijibu. Nakushukuru kwa kunipa mtoto wako.

Mkweo,
Yonasi


Kamsamba,
14 Oktoba 1973

Mkwe wangu,

Marahaba. Mimi sijambo, joto tu ndilo linalotumaliza. Barua hii naiandika kwa mkono wangu mwenyewe, nimejifunza kwenye kisomo cha watu wazima, kwa hiyo vumilia herufi zangu.

Habari ya kuvuka daraja mara tano niliwasomea wenzangu darasani, wakacheka sana. Mmoja wao, Ezron, aliuliza ni kitu gani mlikuwa mnasahau ng'ambo.

Elina alifika salama kwa lori la mpunga. Lakini miguu imevimba na kichwa kinamuuma kila siku. Mkunga wetu, Roda, alimshika tumbo akanyamaza, na Roda si mtu wa kunyamaza. Mkwe, naogopa. Mimi mtoto wangu wa kwanza nilimzika, nusura nami nizikwe naye. Mvua zikianza Mto Momba unajaa, na hakuna lori linaloteremka huku tena. Ukiwa na njia yoyote ya kuleta gari kabla ya hapo, ilete. Mila zetu tutajua jinsi ya kuzishika.

Mkweo,
Teresia


Tunduma,
6 Desemba 1973

Mama Mkwe,

Shikamoo, na pole kwa safari ya kurudi. Elina anatembea mwenyewe. Mtoto ananyonya na kulia kwa sauti ya mtu mzima. Tumempa jina lako, Teresia.

Elina amenisimulia yaliyokuwa nyuma ya shuka siku ile. Acha nami nikueleze ya mbele.

Nilipopata barua yako nilimpa Bwana Ishaka aisome. Akakubali tuje kupiga picha za kijiji chenu kipya, ili safari iwe na sababu kwenye karatasi. Tulimkuta Elina ana siku ya pili ya uchungu, na Roda ameshasema ni hospitali tu. Wewe ulikuwa nyuma ya ghala, sauti yako ikitoka huko kwamba huwezi kupanda gari moja na mkweo. Elina naye akasema bila mama hapandi. Tukasimama hivyo, jua linazidi kupanda. Ile robo saa sitaisahau mpaka nife. Bwana Zahoro ni mtu wa Tanga, mila zetu hazijui. Akauliza, akaelezwa, akaenda kuchukua shuka jeusi wanalojifunika wakibadilisha filamu, akalitundika katikati ya gari. Mimi nikakigeuza kioo cha dereva kikatazama paa. Ndipo ukapanda.

Kwa muda wa saa tano nimeendesha mpaka hospitali bila kujua nyuma kuna nini. Nakusikia tu: "Elina, mwambie huyo wa mbele kuna shimo." Na Elina, pamoja na uchungu wake, ananifikishia: "Mama anasema kuna shimo." Shimo lenyewe tumeshalipita. Nilikwenda ule mwendo wa kubeba kamera, na mvua ya kwanza ikaanza tumeshavuka mto. Nilikuwa nalia, mama. Nashukuru hukuniona.

Wale mabwana walibaki Kamsamba na kamera yao. Bila lile shuka hawakuweza kubadilisha filamu, kwa hiyo picha za kijiji chenu hazipo. Bwana Ishaka ameandika kwenye ripoti kwamba mwanga ulikuwa hafifu. Mwanga wa Kamsamba, na jua lenu lile! Sijui nitamlipa nini mtu yule.

Mkweo,
Yonasi


Kamsamba,
20 Agosti 1974

Yonasi mwanangu,

Nakusalimu wewe, Elina na wajina wangu. Nasikia ameota meno manne. Mimi mzima, mpunga umekubali mwaka huu.

Gari la sinema lilifika Jumamosi, wakatundika kitambaa kwenye ukuta wa shule kuonyesha ile picha ya reli. Kwanza nilimuuliza mzee Sadoki kama kumtazama mkwe kwenye sinema ni kuvunja mwiko. Alifikiri sana, akasema picha haihesabiwi. Nikaenda kukaa mbele kabisa. Nimeona madaraja, nimeona mahandaki, nimeona watu wanabeba vyuma. Nikawa nakungoja wewe. Sinema ikaisha. Nikamuuliza mwenye mashine dereva yuko wapi. Akasema, "Mama, dereva haonekani. Yeye ndiye aliyewapeleka."

Nililia mbele za watu. Uliniokolea mtoto, na mpaka leo naujua mgongo wako tu, nao nimeuona mara moja, tena kwa mbali. Nataka kukushukuru kwa mdomo wangu nikikutazama usoni.

Nimewauliza wazee. Wanasema mwiko unafunguliwa siku mkwe anapomkabidhi mama mkwe jembe jipya mkononi. Najua huko madukani majembe hayapatikani. Basi nimelinunua mimi, liko nyuma ya mlango wa mbele, upande wa kushoto. Ukifika, ingia ulichukue, kisha ugeuke.

Nitakuwa nimesimama hapo.

Mama yako,
Teresia