Daktari Aliyekalia Biriani

Walthamstow, London, 5 Mei 2025

Mama,

Shikamoo. Goti limepoa? Mimi mzima, ila moyo haukai kitako. Jumapili nimealikwa chakula kwa Mzee Abdulwakil, Ilford, baba yake Zahra. Huyo Zahra ndiye ninayetaka awe mke wangu, wallahi, nikimkosa yeye basi tena. Tatizo mzee anataka mkwe daktari, na mimi mhudumu wa ukumbi wa harusi. Aliponiuliza kazi kwenye simu, nikajikuta nimeshakuwa daktari. Kibet, muuguzi ninayekaa naye, kaniazima suti na kile kidude cha kusikilizia moyo. Suruali ndefu, nimeipunguza kwa pini. Niombee.

Mwanao, Mahir

Wete, 7 Mei 2025

Mwanangu,

Marahaba. Goti ni lilelile. Nguo ya kuazima haisitiri matako, na wewe umeazima mpaka udaktari. Sema kweli kabla hujatia mkono kwenye sinia.

Mamako

Walthamstow, 12 Mei 2025

Mama,

Shikamoo. Niliapa kusema kweli, nikafika, nikanyamaza. Mzee kanikalisha mbele ya wajomba wanne wa Zahra. Biriani ikaja, na birika la kunawia likawekwa. Miaka mitatu nanawisha watu harusini, Mama. Mikono ikaitangulia akili: nikasimama, taulo begani, nikawanawisha kuanzia kulia, nimeinama kidogo kama ulivyonifundisha. Kwa mjomba wa tatu pini ikafyatuka, nikaikanyaga suruali, birika likaruka, nami nikakaa kitako katikati ya sinia. Zile sinema bubu alizokuwa akizipenda marehemu baba, jana nilikuwa ndani yake.

Zahra alicheka mpaka akashika ukuta. Mzee hakucheka. Akaniuliza, "Weye daktari wa nini hasa?" Nikamjibu humohumo kwenye wali, "Mimi mhudumu, mzee." Nikaondoka nimeshikilia suruali kwa mikono miwili. Nimeharibu, Mama, na ninampenda.

Mwanao, Mahir

Wete, 15 Mei 2025

Mahir mwanangu,

Salamu nyingi. Leo nimeliacha jungu jikoni likaungua kwa ajili yako. Mzee Abdulwakil kanipigia simu, nambari kapewa na Zahra. Uongo wako umemuudhi, na kanieleza kwa kirefu, nami nikamwitikia kila neno. Kisha akauliza nani alikufundisha kunawisha wakubwa. Nikamwambia mimi. Akasema ana wapwa wawili madaktari, na hakuna aliyewahi kumnawisha mikono.

Uende tena Jumapili. Safari hii ukae, birika atalishika mzee mwenyewe.

Na uvae suruali yako.

Mamako