Nyambizi Zangu, Jina la Musembi

Jumatatu, 12 Mei
Karatasi arobaini na moja za Kidato cha Nne, swali la Vita Baridi. Chai ya rangi, maziwa hayajafika. Msichana mmoja ameandika kwamba nyambizi ya nyuklia husukumwa na bomu linalolipuka polepole. Nimemkata alama, kisha nikamrudishia nusu, maana ukifikiria vizuri hajakosea sana. Kinu kinapasua atomi, joto linachemsha maji, mvuke unazungusha mashine. Nimeyaandika hayo pembeni kwa wino mwekundu.

Sura yangu ingemfaa. Kurasa ishirini na mbili kuhusu manowari na nyambizi za nyuklia. Miaka mitatu ya Jumamosi zangu, vitabu vya kuazima, macho kuuma kwenye simu. Kaunti inaandaa kijitabu cha walimu wa historia, na hii ndiyo kazi pekee ninayotaka kuacha na jina langu juu yake. Desemba nastaafu. Januari nilimpa Musembi, mkuu wetu wa idara, aipitie kwanza. Leo nimemuuliza tena. "Bado naipitia, Madam." Miezi minne sasa. Hata nyambizi huibuka.

Jumanne, 13 Mei
Nilienda kwa mwalimu mkuu kuchukua chaki. Rasimu ya kijitabu iko mezani pake. Sura ya sita, Manowari za Nyuklia na Mizani ya Nguvu Duniani. Imeandaliwa na Bw. D. Musembi.

Nimesoma nikiwa nimesimama. Ni yangu. Nyambizi ya kwanza ya Wamarekani ikipita chini ya barafu ya ncha ya kaskazini. Mabaharia wa Kisovieti walioingia chumba cha kinu kuziba uvujaji, wakafa kwa mionzi. Meli za kubeba ndege zinazokaa miaka ishirini na zaidi bila kuongezewa nishati. Koma zangu ziko mahali nilipoziweka.

Na aya ya kisima. Pale ninapoeleza kujificha kwa nyambizi kwa mfano wa maji ya mto wetu wa mchanga: unavuka na viatu vikavu, na maji yako chini ya miguu yako. "Mama yangu alichimba maji hayo kule Kalamba kwa kibuyu kilichokatwa." Hajabadilisha hata neno. Mama yangu amekuwa mama yake.

Musembi ni mtoto wa Emali mjini. Mama yake alikuwa na duka la nguo. Maji yao yalitoka kwenye bomba.

Sikusahau chaki. Nilirudi darasani nikafundisha mpaka kengele. 

Ijumaa, 16 Mei
Siku tatu nimepanga namna ya kumfokea. Mbele ya walimu, mbele ya wanafunzi, getini, popote. Nimeyapanga maneno mpaka nimeyajua kwa moyo.

Leo nilikuwa nafundisha kwa nini Wamarekani na Wasovieti hawakupigana wao kwa wao. Nikawaambia wasichana: makombora ya nchi kavu adui anaweza kuyaona na kuyawahi. Yaliyo ndani ya nyambizi hajui yako wapi. Kwa hiyo haanzi vita, maana atajibiwa hata akiiangamiza nchi ya mwenzake. Nyambizi ile kazi yake kubwa ni kutofyatua.

Nikaweka chaki chini katikati ya sentensi. Wakadhani naumwa.

Sitamfokea. Nitahakikisha anajua kwamba najua. Halafu sitasema neno.

Jumatano, 21 Mei
Nina madaftari matano ya mwandiko wangu, kila ukurasa una tarehe. Leo nimeleta moja. Nimeliweka kwenye kona ya meza yangu, inayoelekeana na ya Musembi. Limefungwa. Juu nimeandika kwa herufi kubwa: NYAMBIZI, LA KWANZA.

Aliingia saa nne. Aliliona. Akaenda dirishani akaangalia mbuzi wa jirani kwa muda mrefu kuliko mbuzi wanavyostahili.

Jioni alisema, "Madam, tuongee kidogo?" Nikamwambia nina karatasi za kusahihisha. Nikatabasamu. Sijawahi kumtabasamia mtu kwa chuki namna ile, na nikaona raha.

Alhamisi, 29 Mei
Semina ya walimu, mjini Wote. Musembi kawasilisha sura ya sita. Mimi kiti cha mbele kabisa, daftari mapajani.

Alianza vizuri, sauti anayo. Alieleza vita vya visiwa vya Falkland: nyambizi ya nyuklia ya Waingereza ilizamisha meli moja ya Argentina, na manowari nyingine za Argentina zikarudi pwani, hazikuthubutu tena. Nyambizi moja ikafungia jeshi zima la majini nyumbani. Walimu waliandika. Nilitaka kulia, kwa sababu sentensi ile niliiandika upya mara sita.

Alipofika kwenye kisima aliniangalia. Akasoma haraka. Mzee mmoja mwalimu kutoka Kalamba akainua mkono. "Na mlikuwa mnachimba wapi, juu ya ukuta wa dam ama chini?"

Musembi akasema chini.

Kicheko. Maji hukaa upande wa juu wa ukuta unaozuia mto, mchanga unakojaa. Mtoto wa miaka mitano kwetu anajua hilo. "Huyu alitumwa maji lini?" mtu akasema nyuma, na kicheko kikaongezeka. Musembi akaniangalia mimi tena. Uso wake ulikuwa unaomba. Nilifungua daftari taratibu, nikaandika tarehe, nikalifunga.

Wakati wa chai alikaa ndani ya gari lake. Nilikula sambusa mbili. Nilifurahi vibaya sana na siombi msamaha.

Jumatano, 4 Juni
Musembi amekonda. Shati linamlegea shingoni. Kila nikiinua kalamu anageuka. Wiki mbili za kimya na mtu amekuwa hivi. Sasa naelewa kwa nini nchi hutumia pesa zote zile kuficha chuma majini.

Jumapili, 8 Juni
Nimeibiwa mara ya pili.

Kanisani, saa ya ushuhuda. Musembi alisimama, akapita mbele, akashika maikrofoni. Akalia. Akasema alimkosea mwenzake kazini, Bwana amemsumbua usingizi, ametubu, yuko huru. Hakutaja kitabu. Hakutaja jina. Kanisa zima likapiga makofi. Kina mama wakaanza wimbo. Mke wake alimkumbatia kana kwamba katoka vitani.

Mchungaji akasema kama aliyekosewa yuko hapa, asimame amsalimie ndugu yake. Musembi akaniangalia. Wenye macho wakafuata macho yake.

Sikusimama.

Wimbo uliimbwa mpaka ukaisha, ukarudiwa. Nilikaa. Nilihesabu bati za paa. Nje hakuna aliyenipa mkono isipokuwa watoto.

Wiki tatu nilikuwa naijenga hofu ile tofali kwa tofali. Yeye kaiondoa kwa machozi ya dakika nne, na sasa mwenye dhambi ni mimi.

Jumatatu, 9 Juni
Katika chumba cha walimu wananiambia nimwachilie. "Madam Kamene, si alikiri mbele ya watu? Unataka nini tena?" Nataka jina langu. Musembi ameleta mandazi ya walimu wote. Ananitazama usoni bila woga sasa. Anapiga mluzi.

Nilienda kuuliza ofisini. Kijitabu kinakwenda kwa mchapishaji Ijumaa. Sura ya sita, Bw. D. Musembi. Hajabadilisha kitu. Ametubu kila kitu isipokuwa kitu chenyewe.

Nimetoa nakala za madaftari yote matano. Nimeandika barua ya kurasa mbili kwa jopo la kaunti. Sikulia wakati nikiandika. Nimeweka hata aya ya kisima, na swali la yule mzee, na jibu la Musembi.

Jumanne, 10 Juni
Nimeipeleka mwenyewe, Wote, mkononi mwa katibu. Nimefyatua.

Ijumaa, 27 Juni
Matokeo.

Musembi si mkuu wa idara tena. Anahamishiwa Mutomo, muhula haujaisha. Alipakia vitu vyake kwenye katoni ya mafuta ya kupikia. Nilitazama kila kitu kikiingia. Kikombe, rula, kalenda. Nilikuwa nimengojea siku hii na niliitazama yote mpaka mlango ulipofungwa.

Halafu mwalimu mkuu akaniita. Sura ya sita imeondolewa. Jopo limesimamisha uchapishaji, halitaki kazi yenye mgogoro. Kijitabu kitatoka bila nyambizi hata moja, isipokuwa mimi na Musembi tutie sahihi karatasi moja inayosema kazi ni ya nani. Kabla ya mwisho wa Julai.

Nilimwambia ushahidi wanao, mwandiko wangu wanao. Akasema anajua. Akasema utaratibu ndio huo.

Yaani nilimwangusha, na sasa nahitaji mkono wake. Sitaenda. Heri sura ife.

Jumanne, 15 Julai
Karatasi ya sahihi iko kwenye mkoba wangu siku kumi na nane. Imekunjika pembe. Walimu wananisalimia kwa adabu, kisha wanahamia upande wa pili na vikombe vyao. Nadhani kila mmoja anajiuliza nina daftari gani juu yake. Sina. Lakini sijawaambia.

Msichana wa lile bomu la polepole kauliza kama kijitabu kitakuwa na nyambizi. Nikamwambia sijui. Ni uongo. Najua kwamba kiburi changu kikiendelea wiki mbili zaidi, hakitakuwa nazo.

Namchukia Musembi. Nitaenda kwake.

Jumamosi, 19 Julai
Mutomo. Jua kali, vumbi, ng'ombe barabarani. Anaishi chumba kimoja nyuma ya shule, jiko la gesi sakafuni. Mke kabaki Emali.

Nilikuwa nimejiandaa kwa matusi. Ningeyapenda. Alisoma karatasi mara moja, akatia sahihi akiwa amesimama, akaandika kitambulisho chake chini. Hakuomba msamaha. Mimi pia. Alinipa maji kwenye glasi, nikayanywa kwa sababu kiu ilikuwa kiu.

Nilipofika mlangoni akasema, "Hii ni yako, Madam." Ile nakala niliyompa Januari. Nikaiweka mkobani bila kuifungua. Nyumbani nilifika nimechoka. Bado namchukia.

Jumapili, 20 Julai
Sikwenda kanisani. Nimeketi na ile nakala tangu asubuhi.

Imejaa penseli yake. Kurasa zote ishirini na mbili. Alama za kuuliza, mistari, mahali alipoandika "nzuri" na kufuta. Niliwapa watu wanne sura hii katika miaka mitatu. Mmoja alifika ukurasa wa tano. Musembi peke yake ndiye aliyeisoma, na aliisoma kama mtu mwenye njaa. Hilo limeniuma kuliko nilivyotarajia.

Ukurasa wa kumi na saba niliandika kwamba nyambizi ya nyuklia haina haja ya kurudi nchi kavu, kwa kuwa kinu chake huendelea miaka na miaka. Pembeni ameandika: "Hapana. Nishati ipo, hewa na maji inatengeneza yenyewe. Kinachoirudisha nyumbani ni chakula cha mabaharia."

Nimetafuta. Ni kweli. Ni jambo dogo na mimi ndiye niliyekosea, na yeye hakulirekebisha hata alipoiiba, alikuwa na haraka.

Nimeandika upya sentensi yangu kwa maneno yake. Imekaa vizuri. Nimechapa ukurasa safi wa kupeleka Wote kesho. Juu kuna jina langu peke yake. Lake halipo popote.

Nimeliona hilo. Nimekaa nalo kidogo, chai ikapoa. Kisha nimefunga bahasha.