Ufukwe Ambako Hatukushuka

Port Blair,
Visiwa vya Andaman

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Natumaini mguu umepungua kuvimba na sasa unafika zizini bila kushikwa mkono. Mama naye mpe shikamoo yake. Nimeandika kwa karatasi kwa sababu mambo haya siyawezi kwenye simu inayokatikakatika. Nimeipiga picha barua hii na kumtumia dada Rehema, atakusomea taratibu. Je, vitunguu mlishang'oa, au mvua iliwawahi? Mimi ni mzima wa mwili, lakini kazi nimeachishwa. Nataka usikie sababu kutoka kwangu kabla hujaisikia kwa watu wa Nduguti.

Unajua nilikuwa fundi wa injini kwenye tagi, ile meli ndogo yenye nguvu inayovuta matishari ya kokoto yasiyo na injini kati ya visiwa hivi. Tulikuwa watu sita. Niliyezoeana naye ni mpishi wetu, mzee Tomasi. Yeye ni mwenyeji wa asili wa Nikobari, visiwa vya kusini mwa hapa. Ni Mkristo kama sisi, na Jumapili huimba peke yake jikoni. Mwaka ule wa tsunami, bahari ilipopanda nchi kavu, ilimchukulia mke na kijiji kizima.

Wiki tatu zilizopita tulikuwa tunarudi bila tishari, na nahodha akapita njia ya mkato ili kuokoa dizeli. Magharibi kuna kisiwa ambacho serikali ya India imekiwekea mpaka baharini na kukataza mtu yeyote kukisogelea. Watu wake wanawinda, wanavua, na hawataki mgeni. Anayelazimisha wanampiga mishale. Nahodha alipita ndani ya mpaka huo. Saa mbili asubuhi injini ikakohoa, ikazima. Mkondo ukatusukuma hadi tukawa tunaona mti mmoja mmoja. Tukashusha nanga, lakini haikushika vizuri, ikawa inaburuta kidogo kidogo kuelekea kwenye matumbawe.

Baba, mishale haikuwa shida kubwa. Wanne kati yetu tulikuwa na mafua mabaya, na mimi nilikuwa na homa siku ya tatu. Nahodha akasema maji yakijaa yatatugongesha, na tukigonga tutashuka ufukweni wote, tuwashe moto, tungoje msaada.

Mzee Tomasi alikuwa anamenya vitunguu. Akaweka kisu chini. Akatueleza kwamba kwenye kisiwa kikubwa cha hapa Andaman palikuwa na makabila mengi kabla ya Waingereza kuja kujenga gereza lao. Wageni walileta surua na magonjwa mengine, watu wakafa kambi kwa kambi. Waliobaki leo ungewaweka wote kwenye kanisa letu na mabenchi yakabaki. Hata kwenye kisiwa hiki kilichokuwa mbele yetu, ofisa mmoja wa zamani aliwahi kukamata wazee wawili na watoto, akawapeleka mjini. Wazee wakaugua, wakafa. Watoto akawarudisha na zawadi, na hakuna ajuaye walirudi na ugonjwa gani.

"Ninyi mkishuka na mafua hayo mtawamaliza," alisema. "Mimi nitabaki hapa kwenye chuma, hata kikizama."

Nahodha akamwambia mpishi hapangi mambo ya meli. Tomasi akamjibu kwa upole tu kwamba hapangi, anasema yeye atakaa wapi.

Nilikukumbuka wewe, baba, ulipokuwa ukinichukua kwenda kwa wale wawindaji wa porini, Wahadzabe, kubadilisha tumbaku na asali. Ulikuwa unanikalisha mbali na kambi yao, tunangoja mpaka waite, na siku ambayo hawakuita tulirudi nyumbani na tumbaku yetu. Nilikuwa naona unapoteza siku bure.

Nikashuka chini kwenye injini. Kosa nililiona mapema: dizeli ilikuwa na maji, na kuyamwaga kila asubuhi ilikuwa kazi yangu. Kwa homa ile sikuwa nimeyamwaga siku mbili. Nikafungua machujio, nikayasafisha, nikaanza kutoa hewa kwenye mabomba. Nikaangusha nati mbili, nikazitafuta kwa kupapasa. Juu nilisikia mnyororo wa nanga unakwaruza, unasimama, unakwaruza tena.

Nilijaribu kuwasha, ikakataa. Nikapanda kuvuta pumzi, ndipo nikawaona. Watu kama kumi na wawili walikuwa wamesimama kwenye mchanga, wanaume wenye pinde mbele, na nyuma yao mwanamke amembeba mtoto ubavuni. Mmoja akarusha mshale, ukaanguka majini mbali kidogo na sisi. Nilijiziba mdomo kwa shati ili nisikohoe, ingawa upepo ulikuwa unatoka kwao.

Nikarudi chini. Mara ya tatu injini ikashika kwa mapigo mabaya, ikitoa moshi mweusi. Nahodha akavuta nanga, tukaondoka polepole, matumbawe yakiwa karibu kiasi cha kuyahesabu. Nililia pale chini, na sauti ya injini ikanifichia kilio.

Tulipofika bandarini nahodha akaleta kitabu cha safari tutie sahihi. Kilisema hatukuingia kwenye mpaka kabisa. Wengine watatu walitia. Akaniambia nikisaini, habari ya maji kwenye dizeli itabaki kwetu, na mkataba wangu utaongezwa miaka miwili. Nilimfikiria mama na dawa zake, sikudanganyi. Halafu nikasema siwezi, kwa sababu asipozuiwa atapita tena. Mimi na Tomasi tulikwenda kwa maofisa wa serikali, tukasema yote, na kosa langu nikalisema la kwanza. Nahodha amesimamishwa, na wenye meli wametufukuza sisi wawili kwa kusema. Nakaa kwa mpwa wa Tomasi nikingoja tiketi ya kurudi.

Msalimie shangazi wa Kiomboi aliyenilipia chuo. Mwambie sijautupa ufundi alionilipia. Msalimie kaka Eliya anayechunga ng'ombe zetu, na mchungaji anayetuombea. Rehema ambusu mwanangu.

Baba, narudi mikono mitupu, na sijui utanipokeaje. Ila ofisa alipouliza kama kuna yeyote kati yetu aliyekanyaga mchanga ule, Tomasi alinitazama, nami nikajibu kwa niaba yetu wote: hakuna.

Mwanao akupendaye,
Zefania