Mama Anafungua Mdomo, Sauti Haitoki

Busia, nyuma ya stendi ya malori, upande wa Kenya

Dada yangu mkubwa Athieno,

Kwanza ujue unaandikiwa na mtu ambaye bila yeye mpaka huu ungefungwa saa sita mchana. Maafisa wa forodha, wa Uganda na wa Kenya, hawagusi chai kabla hawajauliza, "Oketch ameamka?" Madereva wanaoleta simiti kutoka Tororo wakiniona wanapiga honi mpaka mbuzi wanakimbia. Juzi mkubwa mmoja alisimamisha foleni nzima ya malori ili nivuke na baiskeli yangu. Najua shemeji anayekusomea hapa anacheka. Asome tu. Kiswahili hiki naandika kwa sababu yake, maana jeshi lilimfundisha Kiswahili, lakini Kidhopadhola chetu kimemshinda hata baada ya kuoa kwetu.

Mmeamkaje huko Nagongera? Mgongo wako unakubali kuinama shambani? Ile mihogo tuliyopanda karibu na kaburi la Mama imeshika, au panya wameimaliza? Mimi mwili ni mzima. Moyo ndio sijui nikwambie nini.

Ujumbe wako niliupata: kwamba siku ya kumaliza matanga nilete ile kompyuta, watu wamsikie Mama. Nikamjibu yule wa bodaboda aliyeleta maneno, "Mwambie Dada, imekwisha hiyo, naileta." Sasa sikiliza, Dada, lakini usikasirike kabla sijafika mwisho.

Unakumbuka mwanao Owino alivyokuja Krismasi ile na simu yake, akakaa na Mama jikoni? Alikuwa anatengeneza gemu kwa ajili ya masomo yake ya Kampala. Akamwambia, "Nyanya, nigombeze."

Mama akamwangalia. "Umefanya nini?"

"Sijafanya kitu."

"Basi nikugombeze kwa kitu gani? Mimi ni kichaa?"

Halafu akaona viatu vya Owino vimejaa matope. Hapo hakuhitaji kuombwa tena, na simu ikachukua yote.

Gemu yenyewe ni hivi. Kuna mtoto, unamtembeza kwa vidole, anatoka bondeni anakwenda nyumbani, na Mama amesimama mlangoni. Mtoto akipita kwenye matope, Mama anasema, "Miguu hiyo unaileta wapi? Umeiosha?" Akija na kuni, Mama anapiga vigelegele. Akichelewa, anamwita jina lake kwa ile sauti ndefu unayoijua. Sio kama redio, ambayo inasema yake hata ukiwa umelala. Hii inakuangalia. Ni kama mpiga ngoma wetu anavyotazama miguu ya mchezaji: ukiongeza mwendo anaongeza, ukichoka anapunguza. Na huyo mpiga ngoma ni faili moja ndogo tu. Fundi wa Tororo anayetutengenezea kompyuta anaiita maktaba ya sauti. Ndani yake hakuna sauti hata moja, ila ujuzi wa kujua ipigwe ipi na saa gani.

Owino aliniwekea gemu hiyo hapa kwenye chumba cha gemu ninachosimamia, niwaonyeshe wateja kazi ya mpwa wangu. Halafu kompyuta yake mwenyewe ikaibwa kwenye basi. Ikabaki hii ya kwangu peke yake duniani.

Sasa mwezi uliopita jirani yetu alifariki, mzee wa Kisamia, mwili ukawekwa nyumbani. Ukuta wetu na wao ni mmoja. Vijana huku wanapiga bunduki za gemu, huku watu wanalia. Wakaja wazee watatu waliotoka Dabani kwa ajili ya msiba, wamevua kofia. Mmoja akasema, "Ndugu yetu, marehemu anapigwa risasi tangu asubuhi. Mwacheni apumzike."

Dada, nilisikia aibu. Kufunga chumba, mwenye nyumba alikataa. Mtu mwingine angechomoa nyaya za spika, basi. Lakini kuchomoa waya ni kazi ya mtu gani? Wazee wamesimama wananitazama, na mimi ndiye mkuu wa sauti wa mpaka mzima! Nikawaambia, "Mimi nitaitoa sauti kutoka kwenye mzizi." Fundi alikuwa amenionyesha zamani ile faili inapokaa. Nikapita kompyuta moja baada ya nyingine, nikazifuta faili hizo zote, maana kila gemu ina yake, tena kwa ile njia ya kubonyeza vitufe viwili pamoja, ambayo kitu hakirudi hata ukilia. Wazee wakanishika mkono wakasema Mungu anibariki. Na kwa sababu nilikuwa nimeshachangamka, sikukumbuka kwamba na ile ya Mama imo.

Kesho yake hakuna gemu iliyofunguka. Kila moja ikiamka inauliza kwanza, faili yangu iko wapi? Ikiikosa inalala. Mwenye nyumba akanitukana mbele ya wateja, maneno shemeji asiyasome. Fundi akaja na pikipiki kutoka Tororo, akacheka mpaka akakaa chini. "Mzee, umemfukuza mpiga ngoma, ukaacha ngoma!"

Akarudisha faili. Gemu za bunduki zikaamka. Ya Mama ikafunguka pia, nikapiga makofi. Nikamtembeza mtoto kutoka bondeni, kwenye matope, mpaka mlangoni. Mama akafungua mdomo. Kimya. Nikamrudisha, nikamleta na kuni. Mdomo unafunguka, mkono unapanda, kimya.

Nikampigia Owino. Hakunigombeza, na hilo ndilo liliniumiza. Akasema, "Mjomba, sauti ya Nyanya bado imo, imefungwa ndani. Hiyo faili aliyoweka fundi ina jina lilelile lakini ni ya toleo jipya, haijui kufungua fungu la zamani lenye sauti yake. Usiguse kitu. Usifute kitu. Nakuomba, Mjomba, hata vumbi usifute." Toleo la zamani analitafuta kwa rafiki aliyesoma naye. Anasema huenda likapatikana kabla ya siku ya matanga. Huenda. Nimekwisha kuchoka na hiyo huenda.

Kompyuta nitaileta, nimeshapata gunia na godoro la kuifunga. Lakini Owino asipofaulu, usimlaumu, na watu waambie umeme wa Uganda ndio umeila. Halafu kuna kitu nakuomba. Nikifika, usinipokee njiani. Simama mlango wa jikoni, uniite kama yeye. Koo lake uliachiwa wewe.

Nisalimie shangazi yetu anayeuza samaki sokoni, na yule katekista aliyemwombea Mama, na binti yako mdogo. Mwambie Mjomba ameahidiwa cheo kikubwa zaidi, ataelezwa. Shemeji naye namsalimu kijeshi.

Shemeji, hapa shusha sauti, msomee Dada peke yake.

Huku nimewaambia watu kwamba kila asubuhi kabla ya kufungua chumba nakwenda kupima mitambo. Hakuna mitambo. Ni mimi tu, namtembeza yule mtoto kwenye matope ili niulizwe. Mama alikuwa akisema, "Umeiosha?" na mimi, mzee wa mvi, nikijibu kwa sauti, "Nimeosha, Mama." Na kwa kuwa kumdanganya sikuweza, kila asubuhi naanzia nje, kwenye bomba, naosha miguu. Tangu aliponyamaza hakuna anayeniuliza, Dada, na leo pia nimeiosha.

Mdogo wako,
Oketch