Kitabu Chako cha Makumbusho Nilikichoma Mimi

Baba yangu,

Shikamoo. Nakuamkia nikijua hakuna wa kuitikia.

Unakumbuka siku ile stendi ya Ngara, ulipowauliza vijana wa bodaboda ni sanamu ya nani ingewafanya wazime pikipiki waitazame? Niliona aibu, nikainama. Mmoja akakujibu, "Ya mama, mzee. Amejitwika kuni, anapandisha mlima." Ukaandika palepale, juu ya paja, nyuma ya karatasi ya mtihani. Daftari hukuwahi kununua. Miaka yote ya kufundisha chuoni ulirudi nyumbani na mitihani ya zamani ya wanafunzi, na nyuma yake ukaandika falsafa yako yote kuhusu makumbusho na sanamu za barabarani.

Kule Lukole, kwenye kambi ya zamani, ulinionyesha jiko la udongo lililoachwa na wakimbizi, majani yamelifunika. Nikasema lipelekwe makumbusho. Ukacheka. "Likiwekwa kwenye kioo, nani atauliza lilimpikia nani?" Ndivyo kitabu chako kilivyoanza.

Sasa nikwambie. Asubuhi ya kuondoa matanga yako kuni zilikuwa zimelowa, wageni wanasubiri uji. Shangazi akaniita, "Mwanangu, hamna karatasi humo ndani?" Nikatoa maboksi matatu. Niliona majina ya wanafunzi na alama za kalamu nyekundu, nikajua ni takataka za chuo. Sikugeuza hata moja, baba. Mimi, niliyekuona ukiandika nyuma yake tangu utoto wangu.

Juzi rafiki yako wa chuoni kanipigia simu. Wanataka kukichapa. Nikamwambia kipo, nakipanga. Sijui kwa nini nilidanganya. Nikaenda hadi Lusahunga, kwa yule mama muuza mahindi uliyekuwa ukimsomea kurasa zako wakati akisubiri malori. Akanishika mkono. "Alisoma vizuri sana. Ila maneno yenyewe, mwanangu, sikuyashika." Nililia mbele ya madereva.

Nimeanza kukiandika upya. Nimejaza kurasa sita kwa ninachokumbuka, na jana nilizisoma kwa sauti, nikikutafuta: unavyobisha, unavyojikatiza, unavyojicheka. Wewe humo. Ni mimi mtupu. Kesho rafiki yako atapiga tena, nami naogopa nitampa hizohizo, naye atazitia jina lako.

Pumzika, baba, kama kwa hili unaweza.

Ni mimi,
binti yako