Mikono ya Janvier

Jumanne, Sake. Mvua tangu asubuhi, na matope yameingia mpaka mlangoni. Sina hamu ya kuandika, lakini nisipoandika leo nitaendelea kujidanganya.

Natengeneza filamu juu ya darasa letu, sisi tuliomaliza la sita la sekondari pamoja kule Masisi, kisha vita vikatutawanya. Nina simu tu. Kila mmoja namuuliza swali moja: sasa unafanya nini? Anapojibu, naielekeza simu yangu kwenye mikono yake. Mikono inamenya muhogo, inafua, inakaza nati za pikipiki. Sura siikamati kwenye video.

Niliwaambia ni kwa usalama wao. Wakanisifu kwamba nina akili.

Ni uongo. Naona haya kumwangalia mtu usoni, hata kupitia simu.

Leo Mama Janvier amekuja. Mtoto wake alikaa benchi la nyuma yangu miaka yote sita. Alikwenda kuchimba madini Omate, na wiki mbili zilizopita shimo lilimfunika. Hawakuweza kumtoa. Nyumba yao ilikwisha kuchomwa, na picha zote ndani, kwa hiyo mama hana hata moja.

"Mutoto yangu, wanasema ulimukamata mu simu," akaniambia. "Nionyeshe sura yake. Nataka niiweke ku karatasi, tupate kitu cha kuombea."

Nikafungua. Mikono miwili inafunga kamba ya begi. Kisha sauti yake:

"Weye Neema! Miaka sita mu darasa moja, na sura yangu ingali inakuogopesha? Haya, acha niende. Nikirudi nitakuwa nimenyoa, hapo njo utanikamata muzuri."

Mama akacheka. "Huyu! Kunyoa alikuwa anakimbia tangu utoto." Halafu akangoja, macho kwenye simu. Mikono ikafunga kamba mpaka mwisho, video ikasimama.

"Na sura?"

"Haiko, mama."

Nilidhani atanigombeza. Afadhali angenigombeza. Aliweka kidole kwenye kioo, juu ya kovu dogo karibu na kidole gumba cha Janvier.

"Hapa alijikata na kisu yangu ya muhogo," akasema. "Rudilia."

Nikarudilia. Akasema tena, rudilia. Tuliendelea hivyo mpaka simu ikazimika, naye akajifunika kitenge kichwani, akatoka nje kwenye mvua.

Sikumwomba hata msamaha. 

Kesho asubuhi rafiki yangu Riziki, naye wa darasa letu, anaondoka kwenda Hombo kutafuta maisha. Nimejaribu kusema maneno mawili peke yangu: inua uso. Nimeyasema huku nimeinamisha wangu.

Lakini kesho nitamwambia, na sura yake nitaikamata. Kwenye filamu nitaacha mikono yake tu. Sura itabaki ndani ya simu yangu, na namwomba Mungu asije mtu kuniuliza iko wapi.