Eti karoti za Burundi

Claudia, uko? Kaa chini kwanza.

Kanyange wetu leo kaenda sokoni Biharamulo. Kamkuta yule Juvenali muuza mboga anawatangazia wateja: "Karoti hizi za Burundi. Siku hizi haziingii kama zamani, ndiyo maana bei imepanda mara mbili."

Za Burundi. Mtu mzima na tumbo lile.

Kanyange kaangalia fungu. Limefungwa kwa utepe wa kitenge chake cha njano, kile alichokichana juzi kufungia karoti za kuuza shambani kwake hapa hapa Bugarama. Nusu iliyobaki alikuwa kajifunga kichwani.

Kaliinua fungu, kalisogeza karibu na kilemba.

Juvenali katazama fungu, katazama kichwa.

Unajua huyo mshenzi kasema nini?

"Mama, wewe nitakupunguzia."